Jinsi ya kuhakiki jina la mtoto kabla ya kuliandikisha

Wazazi hapa Nairobi huniletea orodha za majina waliyoyatoa mtandaoni, kila jina na maana yake kando, ili niyahakiki kabla cheti cha kuzaliwa hakijatoka. Naipenda kazi hii, kwa sababu mtoto ndiye atakayeulizwa jina lake lilitoka wapi. Ninavyofanya, nawe unaweza kufanya.

Hatua ya 1: Tambua lugha

Maana isubiri kwanza. Ukisoma "jina la Kiafrika" hujaambiwa kitu. Kwame hutiwa katika orodha za Kiswahili, ilhali ni la Waakan wa Ghana, la mvulana aliyezaliwa Jumamosi. Majina mengine yana asili zaidi ya moja. Asha wa Pwani ametokana na Aisha wa Kiarabu, yaani aliye hai. Asha wa familia ya Kihindi kule Parklands ni tumaini, kutoka Kisanskriti. Waulize wazazi wanamkusudia yupi, kisha uandike asili hiyo peke yake.

Hatua ya 2: Fungua kamusi ya lugha hiyo

Kwa Kiswahili mimi huanza na Kamusi ya Kiswahili Sanifu. Angalia umbo la neno, si maana tu. Zuri, linalopendwa sana Marekani, utalikuta na kistari mbele: ni mzizi wa kivumishi. Mtu huwa mzuri, jina ndilo huwa zuri. Mzazi akilipenda bado, ni haki yake, mradi anajua.

Usisome jina la lugha moja kwa masikio ya lugha nyingine. Mswahili akiona Mwende atadhani watu wanaambiwa waende mahali. Kwa Wakamba ni mpendwa, kwa kuwa kwenda kwao ni kupenda.

Hatua ya 3: Uliza kwa nini jina hilo hutolewa

Hapa ndipo orodha nyingi huanguka, na hapa ndipo ningekusihi usiharakishe. Otieno na Atieno wa Wajaluo ni wa usiku, Wafula na Nafula wa Waluhya ni wa majira ya mvua: jina linaeleza wakati wa kuzaliwa, halisifu tabia. Kwa Wakikuyu, binti wa kwanza hupewa jina la nyanya mzaa baba, na wa pili la nyanya mzaa mama. Kwa hiyo familia ikimwita mtoto Wanjiku, mara nyingi inamtaja nyanya yake, na jina lenyewe linarudi hadi kwa mmoja wa mabinti wa Gĩkũyũ na Mũmbi, wazazi wa kwanza wa Wakikuyu katika masimulizi yao. Mtandao ukikupa sifa fulani kuwa ndiyo "maana ya Wanjiku", iweke kando.

Mtafute mzee anayeizungumza lugha hiyo nyumbani. Usimwambie jibu kisha umwombe athibitishe; kwa adabu tu atakuitikia. Kwa jina la Kikalenjin, muulize hivi: "Nyanya, mtu akiitwa Chepkoech, alizaliwa wakati gani?" Akikujibu alfajiri bila wewe kumdokezea, umepata ushahidi. Muulize na mwingine wa ukoo tofauti. Wakitofautiana, andika majibu yote mawili na eneo lilikotoka kila moja.

Hatua ya 4: Sikia jina likitamkwa

Sauti za kompyuta hazifai. Neema lina silabi tatu, ne-e-ma, na mkazo uko kwenye e ya pili. Mashine nyingi hulifanya "Nima". Mwombe mwenye jina alitamke, umrekodi kwa simu, umtumie mzazi.

Kisha linganisha sauti na maandishi. Achieng' huishia kama mwanzo wa ng'ombe, na kile kiritifaa (') ndicho kinachosema hivyo. Kikuyu kina irabu saba, na ĩ na ũ hupotea kwenye fomu. C yake hukaribia sh, na Wangeci huandikwa pia Wangechi. Wazazi wakubaliane tahajia moja, waiandike kwenye karatasi waende nayo, na wasome kila herufi kwenye fomu kabla ya kutia sahihi.