Ukiona HbA1c kwenye majibu ya maabara

Sukari ya damu hunata kwenye himoglobini, protini inayobeba oksijeni ndani ya chembe nyekundu, na kubaki hapo hadi chembe ife, kwa kawaida baada ya siku 120 hivi. Ndiyo maana HbA1c, yaani asilimia ya himoglobini iliyonatwa na sukari, huonyesha wastani wa sukari ya damu wa miezi 2 hadi 3. Kujinyima chai ya sukari jana usiku hakubadilishi kitu, na huhitaji kwenda kupima ukiwa na njaa. Asilimia 6.5 au zaidi huashiria kisukari, ingawa daktari kwa kawaida hurudia kipimo kuthibitisha.

Ila kama una selimundu (ugonjwa wa kurithi wa chembe nyekundu), au umeongezewa damu karibuni, tafadhali sema mapema. Chembe zinazokufa kabla ya wakati hushusha namba hiyo, mgonjwa akaonekana mzima kumbe sukari iko juu.