Usipulizie Sukuma Wiki Kabla ya Kumtambua Mtoto wa Kibibi

Kila kiangazi cha Januari na Februari, swali linalonifikia zaidi mimi afisa wa kilimo kutoka Ruai, Njiru na Mwiki, pembezoni mwa Nairobi, halihusu mbolea wala maji. Ni hili: "Afisa, kuna kadudu keusi kenye madoa ya machungwa kanamaliza sukuma wiki yangu. Nipulizie nini?" Mara nyingi anayeuliza ameshapulizia, na vidukari wamezidi. Jibu langu halibadiliki. Mdudu huyo ni mtoto wa mdudu kibibi, na hali sukuma wiki. Anakula vidukari wanaofyonza sukuma wiki, na wewe umetoa pesa mfukoni kumuua.

Mdudu kibibi akiwa mkubwa kila mtu anamjua: mviringo, mgongo mgumu unaong'aa, mwekundu au wa machungwa, wenye alama nyeusi. Hata watoto wa shule hawamuui. Balaa ni kwamba mtoto wake hafanani naye hata kidogo. Mtoto wa kibibi ni mrefu na mwembamba, ngozi nyeusi au ya kijivu yenye vinundu, madoa ya machungwa au manjano ubavuni, miguu sita iliyosogea mbele, na mkia uliochongoka. Ukimtazama kwa karibu ni kama mamba mdogo. Hana mabawa. Akikaribia kukomaa, urefu wake hukaribia sentimita moja. Mkulima humkuta katikati ya kundi la vidukari, kwenye jani lililojikunja, akahukumu papo hapo kwamba mwizi amepatikana. Lakini yuko hapo kwa sababu mama yake alitaga hapo kwa makusudi: mayai ya manjano, yaliyosimama wima kwa kundi chini ya jani, pale alipoona chakula cha wanawe.

Kuna wengine wawili wanaouawa kwa kudhaniwa. Wa kwanza ni buu wa nzi wa maua. Hana miguu, kichwa hakionekani, rangi yake ni kijani hafifu au maziwa, na watu humfinya wakidhani ni kiwavi. Kiwavi hutoboa jani. Buu huyu hufyonza vidukari mmoja baada ya mwingine. Wa pili humwoni mwenyewe, unaona kazi yake: vidukari waliovimba, waliokauka rangi ya kahawia au dhahabu, wamegandamana na jani. Hao wameshakufa. Nyigu mwenye urefu wa milimita 2 hivi, kwa jina la kitaalamu Diaeretiella rapae, alitaga yai ndani ya kila mmoja. Mtoto akamla kidukari kutoka ndani. Ukiona kigamba chenye tundu la duara, nyigu ameshatoka kwenda kutafuta wengine. Usiyachume majani hayo na kuyachoma.

Sasa angalia hesabu ya siku, maana hapa ndipo pesa inapotea. Kidukari jike hahitaji dume. Huzaa watoto hai, na kwenye joto la kiangazi mtoto huanza kuzaa naye baada ya siku 7 hadi 10 hivi. Kibibi, kutoka yai hadi kuwa mkubwa, huchukua kama wiki 3 hadi 4. Ukimwaga dawa inayoua kila kitu, vidukari waliojificha ndani ya moyo wa mche wanaanza upya wiki hiyo hiyo, na mlinzi wako anahitaji karibu mwezi. Tena kibibi na watoto wake hutembea jani zima na kukanyaga dawa iliyokauka, ilhali kidukari ametulia mahali pamoja chini ya mkunjo, mwili umefunikwa nta. Dawa za jamii ya payrethroidi, kama saipamethrini na lambda-saihalothrini, ndizo ninazoziona zaidi kwenye mashamba haya. Ndiyo maana mtu hupulizia kila Jumatatu, na kila Jumatatu ana kazi.

Sisemi wauzaji wa agroveti, yaani maduka ya pembejeo, ni wabaya. Wanajibu swali uliloulizia. Ukienda kuomba dawa ya "mdudu mweusi", utauziwa inayoua mdudu mweusi.

Kagua shamba mara 2 kwa wiki, kati ya saa moja na saa tatu asubuhi. Pita ukikata kona huku na huku na usimame kwenye miche 20. Usichague ile mibaya, na usiikwepe pia. Kwa kila mche geuza majani 3: la moyoni, la katikati na la chini. Chukua karatasi, piga mstari katikati. Upande mmoja andika miche yenye makundi ya vidukari, upande wa pili miche ambayo kati ya vidukari hao umeona kibibi, mtoto wake, mayai yake, buu wa nzi wa maua au vidukari waliokauka. Kipimo ninachotumia ni hiki. Ikiwa miche yenye vidukari haifiki 4 kati ya 20, saga kwa vidole ulipowaona na uende zako. Ikifika 4 au zaidi, lakini angalau nusu ya hiyo ina walinzi, ngoja siku 4 uhesabu tena. Kibibi huja baada ya vidukari, hawezi kuja kabla, kwa hiyo siku za kwanza lazima shamba lionekane linashindwa. Kama walinzi hawapo, au hesabu ya pili imepanda, hapo ndipo unashika pampu. Kitaluni usingoje chochote: miche michanga haina nguvu ya kuvumilia, saga vidukari siku ile ile.

Na ukishika pampu, anza na maji ya sabuni: mililita 10 za sabuni ya maji kwa lita 1, yaani mililita 200 kwa pampu ya lita 20. Nimesema mililita, sikusema kifuniko. Vifuniko vya chupa havilingani, na ninachoka kuona majani yaliyoungua kwa sababu mtu alipima kwa kifuniko cha jirani. Nunua sirinji isiyo na sindano, au kikombe chenye alama. Sabuni ya unga ya kufulia usiiguse. Kama maji yako ya kisima hayatoi povu, tumia ya mvua au ya mfereji. Jaribu kwanza kwenye miche 3, ngoja saa 48. Kingo za majani zikigeuka kahawia, punguza hadi mililita 5 kwa lita.

Pulizia kuanzia saa kumi na moja jioni. Sabuni huua ikiwa mbichi tu na lazima imguse kidukari mwenyewe. Ikishakauka haina kazi tena, na hiyo ndiyo faida yake, kwa sababu kibibi atakayetua kesho hadhuriki. Elekeza mdomo wa pampu juu, chini ya jani, na ndani ya moyo wa mche. Miche yenye vidukari pekee, si shamba zima! Ukiona mtoto wa kibibi kwenye mche huo, mhamishie mche wa pili kwanza, kwa sababu sabuni ikimlowesha naye atakufa. Rudia mara moja baada ya siku 5 hadi 7. Mambo yakikaa sawa utaona majani mapya yakifunguka bila kujikunja.

Zikishindikana raundi 2, njoo ofisini kabla ya kununua sumu. Ikibidi dawa, iwe imesajiliwa kwa mdudu huyo na zao hilo, na usome siku za kungoja kabla ya kuvuna. Sukuma wiki huchumwa kila wiki. Dawa inayotaka siku 14 haikufai, hata iwe ya bei nafuu.

Wenye kabeji, viwavi wa nondo wa mgongo-almasi nao wana adui. Nyigu Diadegma semiclausum aliletwa kutoka Taiwan na watafiti wa icipe, taasisi ya utafiti wa wadudu, akaachiliwa mwaka 2002 Taita na Limuru, akasambaa nyanda za juu. Icipe yenyewe iko hapa Kasarani, Duduville, na bado kuna mashamba ya jirani yanayommaliza nyigu huyo kwa dawa ya kila wiki. Kwa viwavi tumia dawa ya bakteria Bacillus thuringiensis wakiwa bado wadogo, jioni, kwa kuwa jua huiharibu. Lazima kiwavi aile, na kwa hiyo nyigu mkubwa anapona.

Panda mstari 1 wa dania kwa kila mistari 5 ya sukuma wiki, na kila baada ya wiki 3 panda mwingine, kisha uache wa zamani utoe maua. Nyigu na nzi wa maua wakiwa wakubwa hunywa maji matamu ya maua. Dania inayochumwa yote kwenda sokoni haiwasaidii. Wenye kunde, chunguzeni sisimizi kwenye shina: hufukuza kibibi ili wabaki na utamu wa vidukari weusi. Lima kuzunguka shina na uvunje njia zao.

Kama ulipulizia payrethroidi wiki iliyopita, usirudie. Chuma majani ya chini yaliyojaa vidukari, yafunge kwenye mfuko na uyatoe shambani, osha mioyo ya miche kwa maji ya kasi, kisha uhesabu miche 20 baada ya siku 4. Ukikuta hata mtoto mmoja wa kibibi, weka pampu chini siku 7 zaidi, na mwambie kijana anayekusaidia kazi shambani asimfinye.