Potasiamu ikitoka juu, uliza kwanza damu imepita wapi

Jumatano moja mashine yetu ya kemia ilitoa 6.9. Ilikuwa potasiamu, madini yaliyomo kwenye damu, ya mama mmoja mwenye presha, aliyetolewa damu kwenye zahanati ya huko juu, milimani Usambara, chupa ikaletwa kwetu chini na bodaboda. Potasiamu ya kawaida kwenye seramu, yaani yale maji ya njano yanayobaki damu ikishaganda, ni kama milimoli 3.5 hadi 5.1 kwa lita. Ikikaribia 7, moyo unaweza kusimama wakati wowote. Nilikagua kontroli, zile sampuli za kuhakiki mashine, zilikuwa sawa. Nikairudia sampuli ile ile, ikaja 6.8. Seramu ilikuwa safi, ya njano, haina hata dalili ya wekundu. Nikasaini, majibu yakaenda.

Ijumaa kijana wake alinifuata dirishani. "Dada, samahani, ni wewe uliyempima mama? Tumeambiwa figo zimekufa. Tunauza ng'ombe tumpeleke mjini akasafishwe damu."

Mama mwenyewe alikuwa amekaa kwenye benchi nyuma yake. Alikuwa ametembea kwa miguu kutoka stendi. Nikamwamkia, akaitikia "marahaba mwanangu" kwa sauti nzima kabisa. Nikaomba ile karatasi. 6.9 ilikuwa imezungushiwa duara la wino mwekundu. Mistari miwili chini yake kulikuwa na kreatinini, taka ambayo figo huichuja na ambayo hupanda figo zikishindwa: 78. Figo zilizokufa haziachi kreatinini ya 78. Namba ile ilikuwepo tangu Jumatano, mimi mwenyewe ndiye niliyeitoa, na duara jekundu lilikuwa limemeza macho ya kila aliyeishika karatasi.

Nilimuuliza mama swali ambalo ningepaswa kumuuliza mtu wa zahanati siku ile ile: damu ilitolewaje? Akanieleza vizuri kuliko fomu yoyote. Mpira ulifungwa mkononi muda mrefu kwa sababu mshipa haukuonekana. Akaambiwa akunje ngumi afumbue, akunje afumbue. Ilikuwa saa mbili asubuhi. Chupa ikawekwa kwenye boksi la barafu kusubiri pikipiki. Kwetu ilifika saa tisa alasiri.

Muda wa saa saba nzima kwenye barafu. Nayaandika haya kwa manesi, kwa wenzangu wa maabara wanaoanza kazi, na kwa yeyote aliyeshika karatasi yenye duara jekundu.

Potasiamu inatoka wapi

Karibu potasiamu yote ya mwili imo ndani ya seli. Ndani ya chembe nyekundu ni kama 140, nje yake, kwenye maji ya damu, ni kama 4. Sisi tunapima hiyo ya nje. Kwa hiyo seli chache tu zikipasuka au zikivuja baada ya damu kutoka mwilini, namba inapanda, na mashine haidanganyi: potasiamu imo kweli ndani ya chupa. Ila mwilini mwa mgonjwa haimo. Ndiyo maana kurudia sampuli ile ile, kama nilivyofanya, hakusaidii chochote. Unapima kosa lile lile mara mbili na kujipa uhakika usiostahili.

Wakati wa kutoa damu

Mpira ufungwe kwa muda usiozidi dakika 1. Mshipa ukikataa, ufungue, mwache mgonjwa aning'inize mkono, upashe moto kwa kitambaa cha maji ya uvuguvugu, kisha uanze upya. Ngumi asiikunje na kuifumbua. Misuli inayofanya kazi inatema potasiamu, na ikiwa mkono umefungwa, potasiamu hiyo inabaki pale pale unapochota. Kwa ngumi tu namba inaweza kupanda kwa 1 au zaidi. Najua tabia hii imekaa sana mikononi mwetu, hata wagonjwa huanza kukunja kabla hujawaambia. Mwambie kwa upole: "Legeza tu mkono, mama."

Spiriti ikauke kabla hujachoma. Usivute bomba la sindano kwa nguvu, na usiisukume damu kwenye chupa kupitia sindano. Ondoa sindano uitupe kwenye boksi la usalama, fungua kifuniko, acha damu iteremke taratibu ukutani mwa chupa. Chembe zikipasuka, sisi tunasema damu imehemolaizi: seramu inakuwa ya waridi au nyekundu kama juisi ya rosela. Hiyo ni rahisi, inajionyesha yenyewe. Ikataeni na muombe nyingine. Msijaribu kupunguza namba kwa hesabu ili "kuisahihisha", kwa sababu hakuna anayejua ni chembe ngapi zilipasuka mkononi na ngapi kwenye chupa.

Usichote kwenye mkono wenye dripu. Na mpangilio wa chupa: yenye kifuniko chekundu au cha njano kwanza, ya zambarau baadaye, ya kijivu mwisho. Ndani ya ile ya zambarau kuna EDTA, dawa ya kuzuia damu isigande, nayo ni chumvi ya potasiamu. Ya kijivu mara nyingi ina oksaleti ya potasiamu. Nimewahi kukuta mtu amejaza chupa ya zambarau kupita kiasi, kisha akamimina iliyozidi kwenye nyekundu ili asimchome mtoto mara ya pili. Nia njema, lakini potasiamu ilitoka zaidi ya 12. Dalili yake ni kalsiamu, kwa sababu EDTA inaikamata. Potasiamu ya ajabu pamoja na kalsiamu iliyoanguka chini kabisa, kwa mtoto anayecheza wodini, ni kazi ya chupa ya zambarau. Tatizo ni kwamba tone dogo halipigi kelele hivyo. Linapandisha kidogo tu, na kalsiamu inashuka kidogo tu. Kwa hiyo nikiona potasiamu imepanda, naangalia kalsiamu kila mara, hata kama daktari hakuiomba.

Barafu

Hapa ndipo nilipokosea mimi, na ndipo nataka msomaji akae nami kidogo.

Tumefundishwa kwamba sampuli inatunzwa kwenye ubaridi. Chanjo ziko kwenye barafu, dawa nyingine ziko kwenye friji, basi na damu ikatiwa humo humo. Lakini kila chembe nyekundu ina pampu kwenye ukuta wake, inayorudisha potasiamu ndani muda wote. Pampu hiyo inataka nguvu, na nguvu inatokana na sukari. Ukiitia chembe kwenye barafu, pampu inalala. Uvujaji haulali. Potasiamu inatoka polepole, saa baada ya saa, bila chembe hata moja kupasuka. Ndiyo maana seramu ya yule mama ilikuwa njano safi. Jicho langu lilikuwa linatafuta wekundu, na wekundu haukuwepo.

Kuiacha damu kwenye joto nako si suluhisho. Mwanzoni pampu inafanya kazi kwa bidii na potasiamu inaweza hata kushuka, ikaficha iliyo juu kweli. Sukari ikiisha ndani ya chupa, inaanza kupanda.

Njia sahihi ni kutenganisha. Acha damu igande kwa nusu saa, izungushe kwenye sentrifuji kwa dakika kama 10, kisha hamishia seramu kwenye chupa nyingine safi. Yote hayo ndani ya saa 2 tangu kuchota. Seramu ikishaachana na chembe, hapo sasa itie kwenye barafu na isafiri. Kama chupa ni ya jeli, ile inayotenganisha seramu na chembe, iliyokwisha zungushwa isizungushwe tena, maana damu iliyobaki chini ya jeli inasukuma potasiamu yake juu. Na kama zahanati haina sentrifuji, na barabara ni ile tunayoijua, ni bora mgonjwa mwenyewe ashuke kuliko damu yake. Nauli ya basi inauma, lakini bei ya ng'ombe inauma zaidi.

Kuna sababu moja isiyo kosa la mtu. Damu inapoganda, chembe sahani, zile ndogo zinazogandisha damu, hutoa potasiamu. Mtu mwenye chembe sahani nyingi mno atapata potasiamu ya juu kila mara kwenye seramu, hata mkichota kwa ustadi wote. Huyo mchukulieni pia chupa ya kijani, ya heparini, ambayo damu yake haigandi, mlinganishe.

Namba ikishatoka juu

Isitupwe. Hili nalisema kwa herufi nzito za moyoni: potasiamu ya kweli iliyo juu inaua. Mtu akiwa na ugonjwa wa figo, au anatumia spironolaktoni, losatani au kaptopri (dawa za presha na moyo zinazoweza kupandisha potasiamu), au misuli imelegea, daktari asingoje hadithi ya boksi la barafu. Kipimo cha umeme wa moyo kifanyike hapo hapo, na damu mpya ichotwe hapo hapo, kwa utaratibu wote, ipelekwe mkononi hadi kwenye mashine. Umeme wa moyo ukiwa sawa, bado hautoshi kusema namba ni ya uongo. Neno "imekosewa" lisitamkwe kabla ya kipimo cha pili.

Na wewe mgonjwa, usiache vidonge vyako vya presha kwa sababu ya karatasi. Muulize daktari maneno haya haya: "Kreatinini yangu ikoje? Tunaweza kurudia damu leo?" Mweleze ilitolewa saa ngapi, wapi, na kama ulikuwa unakunja ngumi.

Yule mama nilimpitisha kwa daktari, akapimwa umeme wa moyo, kisha nikamchota mwenyewe. Mkono umelegea, mpira nusu dakika. Nikasubiri igande, nikazungusha, nikaiweka kwenye mashine. 4.3. Kijana aliishika karatasi muda mrefu bila kusema kitu. Kisha akatoka nje kupiga simu, kwa sababu mnunuzi wa ng'ombe alikuwa anakuja Jumamosi.

Namba nyingine mbili za kuzitilia shaka

Sukari ya kidoleni. Mtu amemenya embe au chungwa, kisha anachoma kidole kile kile. Utepe unasoma sukari ya tunda. Kupangusa kwa spiriti hakutoshi, nawa kwa maji na sabuni, ukauke, ndipo uchome. Msimu wa maembe nalisema hili kila siku.

Ya pili ni tezi ya shingo. Vidonge vya nywele na kucha vinavyouzwa kwenye maduka ya vipodozi vina bayotini nyingi, aina ya vitamini B, na baadhi ya mashine za homoni zinatumia bayotini ndani ya kipimo chenyewe. Ile ya mgonjwa inaingilia: T4, homoni ya tezi yenyewe, inatoka juu, TSH, homoni inayoiamuru tezi, inatoka chini, na mtu mzima wa afya anaonekana ana tezi inayofanya kazi kupita kiasi. Mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani ilitoa tahadhari juu ya hili Novemba 2017. Taja vidonge hivyo unapopimwa, hata kama wewe huviiti dawa, na uvisimamishe angalau siku 2 kabla. Kama ni dozi kubwa, muulize daktari, huenda zikahitajika siku zaidi.

Fomu zetu sasa zina mstari mmoja zaidi, tuliuchora kwa rula na kutoa fotokopi: saa damu ilipochotwa, na kama ilikaa kwenye barafu. Namba ya simu ya zahanati iko pembeni yake. Mstari ukija mtupu, napiga simu kwanza, chupa inasubiri.