Pampu ya besimenti: pima shimo kabla hujaenda dukani

Masika yakianza simu huwa ni ileile: "Fundi, ninunue ya hospawa ngapi?" Hospawa haikwambii itatoa lita ngapi nyumbani kwako. Chukua tepu na saa, ushuke besimenti hadi kwenye shimo maji yanapokusanyika.

Hatua ya 1. Siku ya mvua kubwa, chota maji ya shimoni yapungue, kisha angalia yanapanda sentimita ngapi kwa dakika. Shimo la sentimita 60 kwa 60, kila sentimita ni lita 3.6. Yakipanda 10, ni lita 36. Mimi huzidisha mara mbili, maana mvua kubwa kuliko ya leo itakuja. Basi tunatafuta lita 72 kwa dakika.

Hatua ya 2. Pima kimo wima, toka maji yalipo hadi bomba linapofika juu kabisa. Tuseme mita 4. Ongeza 1 kwa ajili ya kona na urefu wa bomba. Hapa ndipo watu hupoteza hela. Boksi limeandikwa mita 8 na lita 150 kwa dakika, mnunuzi anadhani atapata vyote. Hapati. Kwenye mita 8 pampu hiyo haitoi hata tone, na lita 150 ni pale isipopandisha maji kabisa. Mwambie muuzaji akuonyeshe grafu yake, inayoonyesha lita kwa kila kimo, weka kidole kwenye mita 5, usome lita. Zisipofika 72, rudisha rafuni.

Hatua ya 3. Maji ya matope yanataka pampu ya maji machafu. Kwenye maji ya chumvi, huku pwani, chuma cha kawaida hulika. Nimewahi kufungua pampu boliti zikakatika mkononi. Chagua plastiki nzito au stenlesi ya 316, ile inayostahimili chumvi.

Hatua ya 4. Boya, linaloelea na kuiwasha pampu maji yakipanda, kuizima yakishuka. Shimo likiwa jembamba, boya la waya hunasa. Niliitwa asubuhi moja, nikakuta waya umejizungusha kwenye bomba, boya linaning'inia juu; pampu ilizunguka kavu usiku kucha, ikaungua. Shimo kama hilo linataka boya linalopanda na kushuka wima.

Unapofunga, weka valvu ya kuzuia maji yasirudi, na utoboe tundu la milimita 3 kwenye bomba kati ya pampu na valvu ili hewa itoke. Ishushe kwa kamba, kamwe si kwa waya wa umeme. Soketi yake iwe na swichi inayokata umeme ukivuja. Kisha mimina ndoo kadhaa shimoni, usiondoke mpaka umeiona ikiwaka na kuzima yenyewe.