Kabla ya kushika probu: maandalizi ya kuupima moyo kupitia mishipa ya ini

Kati ya ini na upande wa kulia wa moyo hakuna vali ya kuzuia shinikizo lisirudi nyuma. Mishipa mitatu ya ini, wa kulia, wa kati na wa kushoto, humwaga damu kwenye vena kava ya chini, mshipa mkubwa unaorudisha damu moyoni, karibu kabisa na mahali inapoingia atriamu ya kulia, chumba cha juu cha moyo. Atriamu ikijaa, ikijikaza au ikielemewa, mishipa ya ini huonyesha hivyo papo hapo. Ndiyo maana Doppler ya mishipa hii, yaani ultrasaundi inayoonyesha mwendo wa damu, isiyohitaji sindano wala mionzi, inaweza kusema mengi kuhusu ventrikali ya kulia (chumba cha chini cha moyo), vali ya trikaspidi iliyo kati yake na atriamu, na utando unaouzunguka moyo.

Kuupata mchoro si kazi kubwa. Kazi ni kuusoma, kwa sababu mchoro wa aina moja unaweza kuletwa na magonjwa matatu tofauti, au na mgonjwa aliyebana pumzi vibaya. Kuyatenganisha hayo huanza kabla probu, kifaa cha ultrasaundi kinachowekwa mwilini, haijagusa ngozi. Haya yameandikwa kwa ajili ya anayeishika probu, ingawa mgonjwa naye ataona humu kwa nini anaulizwa maswali mengi kabla ya kupakwa jeli.

Anza na swali lililokuleta. "Pima mishipa ya ini" si ombi la kutosha. Anayeshukiwa vali ya trikaspidi kuvuja hupimwa kwa namna moja, anayeshukiwa utando wa moyo kukakamaa hupimwa kwa namna nyingine kabisa, na wa chumba cha wagonjwa mahututi anayechunguzwa kama amezidiwa na maji ana utaratibu wake. Kama fomu haisemi, mpigie simu aliyeiandika.

Kisha unganisha ECG, kipimo cha umeme wa moyo. Ningelazimishwa kuchagua jambo moja tu kati ya yote haya, ningechagua hili. Mtu mwenye moyo mzima ana mawimbi manne. Ventrikali inapojikaza, huivuta pete ya trikaspidi kuelekea ncha ya moyo, atriamu inapanuka na kuvuta damu kutoka kwenye ini: hilo ni wimbi la S. Atriamu inapokwisha kujaa huku vali ikiwa bado imefungwa, mtiririko husimama au kurudi nyuma kidogo, nalo ndilo wimbi dogo la v. Vali inafunguka, damu inatiririka tena, tunapata D. Mwisho atriamu inajikaza na kusukuma damu kidogo irudi ini: A. Kwa desturi S na D huchorwa chini ya mstari kwa kuwa damu inakwenda mbali na probu, na A huchorwa juu. S huwa kubwa kuliko D.

Sasa fikiria wimbi refu lililo juu ya mstari, na ECG haipo. Linaweza kuwa A iliyokua kwa sababu ventrikali ya kulia imekuwa ngumu, kama inavyotokea shinikizo la mishipa ya mapafu likipanda. Linaweza pia kuwa S iliyogeuka, dalili ya trikaspidi inayovuja vibaya. Ni magonjwa mawili, matibabu mawili, na kinachoyatofautisha ni kama wimbi limekuja baada ya P (alama ya ECG ya umeme wa atriamu) au baada ya QRS (alama ya umeme wa ventrikali). Moyo ukienda mbio, S na D huungana, na bila ECG huwezi hata kusema unatazama nini.

Uliza pia kuhusu mdundo wenyewe. Kwenye fibrilesheni ya atria, yaani atria kutetemeka bila mpangilio, hakuna A, na S hupungua hata kama vali ni nzima; mtu akiona S ndogo akakimbilia kuandika kwamba vali inavuja, amemsingizia mgonjwa. Chukua mapigo kadhaa, usitegemee moja. Kwenye kizuizi kamili cha umeme wa moyo, A kubwa mno hujitokeza hapa na pale, kila atriamu inapojikaza vali ikiwa imefungwa. Mwenye kifaa cha kuendesha mapigo anaweza kuonyesha hali kama hiyo, kwa hiyo swali la kifaa liulizwe mapema.

Pumzi nayo inahitaji uamuzi kabla ya kuanza, na hapa ndipo swali la mwanzo linaporudi. Kuvuta pumzi huongeza damu inayokwenda moyoni, kutoa pumzi huipunguza. Ukitaka kulinganisha S na D, mwambie mgonjwa apumue kawaida, kisha asitishe kupumua kidogo mwishoni mwa kutoa pumzi. Asivute pumzi nyingi wala asijikamue kama mtu aliye chooni: vyote viwili hulainisha mawimbi mpaka yafanane na ya ini lenye makovu. Fanya naye mazoezi mara mbili kabla ya kuwasha Doppler. Wengi wakiambiwa "shika pumzi" huvuta pumzi kwa nguvu zote, kwa sababu ndivyo walivyozoea wakipigwa eksirei ya kifua.

Lakini kama swali ni utando wa moyo uliokakamaa, kubana pumzi ni kujinyima ushahidi. Hapo mgonjwa aendelee kupumua, mchoro uende polepole, tuseme milimita 25 kwa sekunde, ili mizunguko kadhaa ya pumzi ionekane pamoja na mstari wa upumuaji ikiwa mashine inao. Unachotafuta ni damu kurudi nyuma wakati wa diastoli, yaani ventrikali zinapolegea, na zaidi anapotoa pumzi. Katika vigezo vya Mayo Clinic vilivyochapishwa mwaka 2014, kasi ya kurudi nyuma ikigawanywa kwa kasi ya kwenda mbele, zote za wakati wa kutoa pumzi, ikafika 0.79 au zaidi, hilo linaunga mkono utando kukakamaa, likiambatana na ukuta wa kati ya ventrikali unaohama kwa kufuata pumzi na kasi ya e' (mwendo wa pete ya vali ya mitrali, ya upande wa kushoto wa moyo, ventrikali inapolegea) ya upande wa ndani ya sentimita 9 kwa sekunde au zaidi. Misuli ya moyo yenyewe ikiwa ndiyo ngumu, damu hurudi nyuma zaidi wakati wa kuvuta pumzi. Tofauti hii ni ya thamani sana, maana utando uliokakamaa unaweza kuondolewa kwa upasuaji.

Aliye kwenye mashine ya kupumulia hupindua hesabu hii: hewa inayosukumwa kwa nguvu kifuani hupunguza damu inayorudi moyoni, badala ya kuiongeza. Andika hali ya mashine na shinikizo linalobaki mwishoni mwa pumzi. Kama hukuandika, atakayepima kesho hatakuwa na cha kulinganisha.

Kabla ya Doppler, litazame ini lenyewe kwa picha ya kawaida. Ini lenye makovu, na wakati mwingine ini lenye mafuta mengi, huibana mishipa yake na kuyafanya mawimbi kuwa bapa. Miezi ya mwisho ya ujauzito hufanya vivyo hivyo kwa mama asiye na ugonjwa wowote. Damu iliyoganda kwenye mishipa ya ini pia huvuruga mchoro. Katika hali hizi mchoro bapa hausemi kwamba moyo ni mzima wala kwamba ni mgonjwa. Sema tu kwamba hauwezi kutumika kupima moyo.

Historia ya upasuaji wa moyo ina uzito uleule. Baada ya kifua kufunguliwa, pete ya trikaspidi mara nyingi husogea kidogo kuliko zamani, na S hupungua bila shinikizo kupanda. Kinyume chake pia hutokea: vali inavuja vibaya lakini atriamu ni kubwa na laini kiasi cha kumeza damu yote inayorudi, na S haigeuki. Kwa hiyo kugeuka kwa S ni ushahidi mzito wa uvujaji mkali, ila kutogeuka hakumtoi mgonjwa hatiani.

Maandalizi ya mgonjwa mwenyewe ni mepesi. Kufunga kula si lazima kwa mishipa ya ini pekee, ila saa chache bila chakula hupunguza gesi ya tumbo inayoficha picha. Kama vena ya lango, inayoleta damu ya matumbo kwenye ini, nayo itapimwa, chakula kina athari zaidi, kwa sababu mlo huongeza damu inayopita humo. Vipimo vya kurudia vifanyike katika hali ileile. Anayetumia insulini asifunge bila kushauriana na daktari wake. Dawa za moyo ziendelee. Saa ya kumeza dawa ya kukojoza, au ya kumaliza kusafishwa damu, iandikwe, kwa sababu maji yakipungua mwilini mchoro hubadilika siku hiyohiyo.

Mgonjwa alale chali. Anayekosa pumzi akilala asilazimishwe. Inua kichwa cha kitanda na uandike umekiinua kiasi gani.

Kuhusu mashine, probu iliyopinda ya megahezi 2 hadi 5 inafaa, na ya moyo pia. Mipangilio ya moyo ina ECG tayari, lakini kichujio chake mara nyingi kimewekwa juu kiasi cha kukata kasi ndogo za mishipa ya ini. Kishushe, na ushushe kipimo cha kasi. Tafuta mshipa unaokwenda sambamba na mwale, chini ya mbavu au katikati ya mbavu za kulia, kisha weka dirisha la Doppler sentimita 1 hadi 2 kutoka unapoungana na vena kava. Hakikisha hukuangukia tawi la vena ya lango: kuta zake hung'aa, za mishipa ya ini ni nyembamba. Uwiano wa S na D hauharibiki sana pembe ikikosewa kidogo, lakini ukikaribia digrii 90 hata mwelekeo wa damu hauaminiki. Hakikisha pia kwamba hakuna aliyepindua mstari wa mchoro kabla yako.

Vena kava ipimwe katika kikao hichohicho. Ikiwa na kipenyo kisichozidi sentimita 2.1 na ikinywea kwa zaidi ya nusu mgonjwa anaponusa kwa nguvu, shinikizo la atriamu ya kulia hukadiriwa kuwa milimita 3 za zebaki. Ikizidi kipenyo hicho na kunywea chini ya nusu, 15. Katikati ya hapo ni 8, na ndipo mishipa ya ini inaposaidia zaidi: S ikigawanywa kwa jumla ya S na D ikawa chini ya asilimia 55, shinikizo huenda limepanda. Wanariadha wanaweza kuwa na vena kava pana bila tatizo, kwa hiyo muulize kijana mwenye afya anafanya mazoezi gani.

Kwa wagonjwa mahututi, mfumo wa VExUS uliotolewa mwaka 2020, wa kukadiria msongamano wa damu kwenye vena kwa ultrasaundi, huunganisha vena kava, mishipa ya ini, vena ya lango na mishipa ya ndani ya figo. Kama huo ndio mpango, tenga muda zaidi, na usianze kuhesabu alama kabla ya kujua kama vena kava imefika sentimita 2. Isipofika, msongamano huhesabiwa kuwa sifuri.

Hifadhi picha zikiwa na mstari wa ECG na, kwa swali la utando, mizunguko kamili ya pumzi. Kwenye ripoti andika mdundo, namna alivyopumua, alivyolala, mshipa uliopimwa na hali ya ini, ndipo uandike S, D na A.