Jinsi ya Kuchimba Asili ya Jina la Ukoo Wako

Anza kwa wazee, intaneti baadaye. Kwetu Tanzania jina la tatu mara nyingi ni la babu, kwa hiyo hilo unaloliita la ukoo huenda lina vizazi viwili tu. Andika mlolongo: wewe, baba, babu, baba yake babu, mpaka wazee wakwame.

Usimuulize bibi maana ya jina. Muulize nani alilitoa, na siku ile kulikuwa na nini. Bibi yangu wa Magu ukimuuliza maana anajibu, "Ni jina tu, mjukuu wangu." Muulize habari za uzazi wenyewe, atakusimulia mvua iliyomchelewesha mkunga, na mtoto akaitwa Mabula, jina la mvua kwa Kisukuma. Usukumani Kulwa na Doto ni mapacha, anayewafuata ni Shija. Ukikuta Shija kwenye ukoo, ulizia mapacha waliomtangulia, hata kama hakuna anayewataja. Huenda walifariki wachanga, kwa hiyo uliza taratibu na ukinyamaziwa, nyamaza nawe.

Majina ya Pwani yana kalenda ndani yake: Juma na Hamisi ni siku, Rajabu, Shaabani na Ramadhani ni miezi. Ila hakikisha kwanza kama mtoto hakurithi tu jina la babu yake.

Makarani waliandika walivyosikia. Kwenye daftari la ubatizo au hati ya shamba tafuta Kulwa na Kurwa, Hamisi na Khamis. Na mrekodi mzee kwa simu akilitamka jina mwenyewe, kwa lugha yake.