Jinsi ya kurekodi filamu ya makala na mtemi: mwongozo kutoka Tabora

Natengeneza filamu za makala hapa Tabora. Vijana wanaotaka kuwarekodi watemi, yaani machifu wa jadi, wa Unyamwezi nawaambia jambo moja kabla ya yote: mtemi ni mwenye filamu pamoja nawe. Usimfanye pambo la kufungulia video.

Hatua ya 1: Nenda bila kamera

Mamlaka ya watemi kiserikali yalifutwa mwaka 1963, heshima yao haikufutwa. Usimvamie kwa simu. Tafuta mzee wa ukoo au mnyampara (msaidizi wa mtemi) akutangulie. Ukifika asubuhi amkia "mwangaluka", kisha ngoja uambiwe ukae. Eleza filamu inahusu nini, nani anagharamia na itaonyeshwa wapi. Kama itapandishwa YouTube, taja YouTube, maana ataulizwa na watu wake.

Hatua ya 2: Vibali

Omba kibali cha Bodi ya Filamu Tanzania, na mpe barua mtendaji wa kijiji. Fanya mapema.

Hatua ya 3: Kubalianeni kisichopigwa picha

Ngoma za utemi, makaburi, tambiko: uliza kimoja kimoja, andika majibu, yaheshimu hata mzee mmoja akikunong'oneza kwamba "hakuna shida". Wala usimwombe mtemi avae ngozi kwa ajili ya kamera. Akishinda na kanzu au suti, mrekodi hivyo hivyo. Abdallah Fundikira, mtemi wa Unyanyembe, alikuwa waziri katika serikali ya kwanza ya Tanganyika huru. Utemi haukuwahi kuishi nje ya zama zake.

Hatua ya 4: Mahojiano

Hapa ndipo kazi ilipo. Mtemi akikaa kwenye kigoda anakuwa chini, na kamera iliyosimama kwa kimo chako itamdogosha. Shusha stendi mpaka lenzi ilingane na macho yake. Kipaza sauti kidogo kibane juu ya nguo, kwani kikifichwa ndani ya mgolole kitambaa kitakikwaruza na maneno yatapotea. Chini ya bati usirekodi mvua ikinyesha.

Mwache aseme Kinyamwezi. Tafsiri utaiweka chini ya picha. Ukimuuliza habari za Isike, mtemi wa Unyanyembe aliyepigana na Wajerumani hadi kufa kwake Januari 1893, usimkatize ili kusahihisha tarehe. Maofisa wa Kijerumani waliandika upande wao. Unachokifuata kwake ni namna ukoo unavyolisimulia jambo hilo: nani anatajwa kwanza, wapi sauti inashuka, wapi anamgeukia mzee wa pembeni athibitishe. Mzee huyo naye awemo ndani ya fremu. Swali likiisha, hesabu kimoyomoyo hadi kumi kabla ya kuuliza jingine. Mara nyingi neno zito huja hapo.

Hatua ya 5: Warudishie kwanza

Kabla ya kuitoa, peleka projekta na jenereta, uwaonyeshe mtemi na wazee wake filamu nzima. Wakisema kipande fulani kitolewe, kitoe. Ikikamilika, waachie nakala kwenye flashi mbili, pamoja na mahojiano yote ambayo hayakukatwa. Wajukuu watayahitaji hayo kuliko filamu yenyewe.